Ulimi wa Mbao wa Krähenburg

Itangazwe kwa wote wenye masikio, na kwa wale ambao masikio yao ni ya kuning'inizia kofia tu, kwamba siku ya Ijumaa, saa mbili na robo asubuhi, Mheshimiwa Gerhild Schuller, Mchunguzi wa Umoja wa Wanafunzi wa Shule ya Bweni ya Krähenburg, mrithi wa cheo chenye umri wa miaka mia tatu, hofu ya wezi na nuru ya haki, aliingia jikoni kuanza upelelezi wa jinai kubwa kuliko zote zilizowahi kutendwa katika Transilvania.

Alikanyaga ganda la kiazi, akateleza, akaketi sakafuni.

“Karibu,” alisema Resi Brendli, mpishi, bila kugeuka kutoka kwenye sufuria. “Umekuja kumenya au kuuliza?”

“Kuuliza, Shangazi Resi. Leo nimekuja kikazi.”

“Basi uliza huku unamenya. Kisu kiko pale pale.”

Mchunguzi alijipangusa, akavuta kigoda chake, akachukua kisu, akafungua daftari gotini. Ni kweli kwamba alikuwa akitumikia wiki ya sita ya adhabu ya viazi, ya tatu tangu vuli iliyopita, safari hii kwa kosa la kuivisha sanamu ya mwanzilishi wa shule sidiria ya matroni. Lakini sheria za Umoja hazisemi popote kwamba mchunguzi asiwe mfungwa. Wala cheo chenyewe hakipigiwi kura. Kila Septemba wanafunzi huchomoa vijiti, na anayepata kifupi huwa ndiye nuru ya haki mwaka mzima.

Kilichoibwa kilikuwa Ulimi. Wahenga husema ulimi hauna mfupa. Huu ulikuwa na msumari. Ulikuwa kipande cha mbao kirefu kama kiganja, kimechongwa kama ulimi, kimepakwa rangi nyekundu na kupigiliwa ukanda wa ngozi. Mwanafunzi akisikika anaongea lahaja ya kwao badala ya Kijerumani sanifu, huvishwa Ulimi shingoni, na hauvui mpaka amnase mwenzake kwa kosa lile lile. Mababu waliuvaa, baba zetu wakauvaa, na kila mmoja akahitimu akijua kwa hakika kwamba lugha ya mama yake ni tope la kufutwa miguuni kabla ya kuingia ndani. Ndiyo faida ya elimu.

Jioni ya siku hiyo, saa kumi, wageni wangefika kutoka Ujerumani kwa ajili ya Wiki ya Lugha, na Mwalimu Mkuu, Dk. Hartwig Binder, alikuwa amewaahidi kuwaonyesha Ulimi. Na tangu Alhamisi asubuhi kabati la vioo lilikuwa tupu. Halikuvunjwa. Lilifunguliwa kwa ufunguo, na ufunguo wake huning'inia jikoni, kati ya mwiko na kalenda. Dk. Binder hakuhitaji kujua zaidi. Barua ya kumfukuza kazi Resi Brendli ilikwisha kuchapwa, imelala mezani kwake ikingoja sahihi ya saa sita mchana. Sahihi hiyo ingemwondoa Resi katika kazi ya miaka kumi na tisa, na katika chumba kidogo nyuma ya jiko alimolala miaka hiyo yote. Maana kwao, kwa Waswabia wa upande wa Satu Mare, nyumba ya wazazi ilikwisha kuuzwa.

“Jumatatu, mbele ya wanafunzi themanini, ulisema nini?” aliuliza Gerhild.

“Nilisema mengi. Nilisema foleni isonge.”

“Kuhusu Ulimi, Shangazi.”

“A, huo.” Resi aligonga mwiko kwenye ukingo wa sufuria. “Yule mtoto Anton kaomba viazi kwa jina la kwao. Viazi tu! Binder akamtundikia lile gogo shingoni. Mtoto kula hawezi, kila akiinama linachovya kwenye supu. Nikasema siku moja nitalitia humu jikoni. Na ningelitia! Limekauka miaka mia, lingewaka kama petroli.”

“Usiyaseme hayo mbele ya mchunguzi.”

“Kwani si wewe uliyeuliza?”

Gerhild aliandika: *Mtuhumiwa anakiri nia.* Akaifuta. Akaenda kwenye jiko la kuni, akalifungua kijimlango cha majivu, akaanza kuchokora kwa koleo kwa uzito wa daktari anayepasua maiti. Haikupita dakika akatoa kitu cheusi, kimepinda.

“Hiki nini?”

“Msumari.”

“Wa nini?”

“Wa sanduku la matufaha. Nayachoma masanduku. Endelea kuchokora, mwanangu, iko mingine humo.”

Ilikuwako kumi na saba. Mchunguzi aliipanga yote sakafuni, akaitazama kwa muda, akairudisha.

“Nasikia kuna barua imeonekana asubuhi hii,” Resi alisema. “Inasemaje?”

“Ushahidi hauonyeshwi mtuhumiwa. Kanuni ya nne.”

“Na ya kwanza mpaka ya tatu zinasemaje?”

Gerhild alifunga daftari. Masikio yake yalikuwa mekundu, jambo ambalo mtu angeweza kulisingizia joto la jiko. Ndoo ilikuwa imejaa viazi hadi nusu.

*

Barua ilikuwa imebandikwa kwenye ubao wa matangazo, juu ya orodha ya vyakula, na aliyeiona kwanza ni Bwana Torben Lüders, mwalimu aliyeletwa kutoka Hannover kuwafundisha Wajerumani wa huku Rumania lugha yao wenyewe. Bwana Lüders alikuwa na imani mbili: kwamba Kijerumani safi kuliko vyote duniani huzungumzwa Hannover, na kwamba watu wanangoja kwa hamu kukumbushwa. Kijerumani chake kilikuwa safi kama maji yaliyochemshwa, na ladha ilikuwa ile ile.

Barua ilikuwa na mstari mmoja, herufi kubwa, kwenye karatasi ya hesabu:

*D Zong isch uff dr Bihne. Hebet dr Deckel.*

“Si Kijerumani,” alisema Lüders, akiishika kwa ncha za vidole viwili kama mtu aliyeokota soksi ya mwingine. “Ni sauti za zizini. Lakini maana ni dhahiri. Ulimi uko jukwaani. Inueni kifuniko. Wanamaanisha *Bühne*, jukwaa. Hata kuliandika hawajui.”

Basi Mwalimu Mkuu, Bwana Lüders na Mchunguzi wakaenda ukumbini. Jukwaa la Krähenburg lina kifuniko sakafuni, ambapo zamani mashetani wa michezo ya Krismasi walichomozea. Dk. Binder alivua koti, akapiga magoti, akainua. Chini kulikuwa na kiota cha panya, wigi la malkia, soksi za mpira zisizo na jozi, na chupa tupu ya mvinyo wa plamu ambayo Dk. Binder aliisukumia gizani upesi kuliko ilivyohitajika. Ulimi haukuwamo.

“Tafuteni pembeni!” aliamuru. Kwa dakika arobaini wasomi wawili wenye shahada nne kati yao walitambaa kwa magoti chini ya mbao, wakipiga chafya kwa Kijerumani sanifu. Mchunguzi aliwamulikia tochi. Mara moja alilazimika kugeuka na kutazama mapazia, mabega yakimtikisika. Alieleza kuwa ni vumbi.

“Wewe na jukwaa hili,” Lüders alimwambia alipochomoza, utando wa buibui kwenye nyusi. “Vuli iliyopita nilikukuta umesimama hapa peke yako nusu saa nzima, unatazama mapazia kama ng'ombe anayetazama treni.”

“Nilikuwa nakariri shairi, Mwalimu.”

“Ulikuwa umeshika bakuli tupu.”

“Shairi lilihusu njaa.”

Lüders hakucheka. Watu wa Hannover huchekea nyumbani.

*

Mtu wa pili kuhojiwa alikuwa Anton Wambach, yule yule wa viazi. Alikuwa na sababu ya kutosha: Ulimi ulikuwa shingoni mwake kuanzia Jumatatu hadi Jumatano mchana, ukarudishwa kabatini kwa kuwa uso wake ulitia wageni wa bodi huruma. Gerhild alimwita katika chumba cha ramani, akamkalisha chini ya ramani kubwa iliyoonyesha kwa rangi kila mahali Kijerumani kinaposemwa, kuanzia milima ya Alpi mpaka bahari ya kaskazini, pamoja na vijimadoa vya huku kwetu, vilivyotawanyika Rumania kama madoa ya supu.

“Wewe ni Mswabia?”

“Wanatuita Waswabia,” alisema Anton. “Mimi wa Banat.”

“Sijakuuliza wapi.”

“Ndiyo nakujibu, dada. Wa Banat si Waswabia. Babu zetu walitoka kule Rhine, wakapanda mashua za Danube, na mashua zilianzia kwa Waswabia. Karani akawaandika wote Waswabia kwa uvivu. Kama wewe upande basi la Sibiu uitwe Msibiu mpaka wajukuu.”

“Jumatano baada ya chakula cha mchana ulikuwa wapi?”

“Zahanati. Shingo iliniuma. Muulize nesi.”

Gerhild alikuwa amekwisha kumuuliza nesi. Alitoa barua kwenye bahasha, akaifunika kwa kiganja akabakiza nusu ya kwanza tu. “Haya ni maandishi ya kwenu?”

Anton aliinama, akasoma, midomo ikicheza. Kisha akacheka kwa mara ya kwanza tangu Jumatatu. “*Isch*? Sisi tunasema *is*. Hata bibi yangu akilewa hawezi kusema *isch*. Hiki Kiswabia chenyewe, cha Waswabia wa kweli. Hapa shuleni anacho mtu mmoja tu.” Kicheko kikamkatika. “Ah. Dada Gerhild, usiandike hilo.”

Lakini Dk. Binder alikuwa amesimama mlangoni, na Dk. Binder alikuwa akiandika.

Hapa inafaa kusema neno juu ya Mwalimu Mkuu. Dk. Binder alizaliwa kijiji cha tatu kutoka Krähenburg, Msaksoni kama Gerhild, na mama yake mpaka leo humwita dirishani kwa Kisaksoni, lugha ambayo mtu wa Luxemburg huielewa nusu na mtu wa Berlin hudhani ni ugonjwa wa koo. Jikoni kwao wanakula ugali wa mahindi na kuuita palukes. Mtu huyu ndiye aliyelinda Ulimi kama kitu kitakatifu. Msaksoni humdharau Mswabia, Mswabia wa Satu Mare humdharau wa Banat, wa Banat humdharau Msaksoni, wote pamoja humchukia Lüders, na Lüders hajui kama wapo. Nyani haoni kundule, na huku kwetu tuna bustani nzima ya nyani.

“Amebaki mmoja,” alisema Dk. Binder, akifunga kalamu. “Kama nilivyosema tangu jana. Ila Ulimi wenyewe bado hatuna, na wageni wanakuja. Mchunguzi, una saa moja na nusu.”

Gerhild alitafuna penseli mpaka akaonja rangi.

“Bwana Mkuu,” alisema hatimaye, “nimefikiri. Kama mwandishi ni Mswabia, basi huenda neno *Bühne* kwake lina maana nyingine. Kwa Waswabia *Bühne* si jukwaa. Ni dari. Pale juu, chini ya paa.”

Dk. Binder alimtazama kwa mshangao, kama mtu aliyesikia meza ikikohoa. “Umejuaje?”

“Kwa kukisia kisayansi.”

*

Dari la Krähenburg hufikiwa kwa ngazi tatu, ya mwisho ikiwa nyembamba kiasi cha kumfanya mtu ajutie kifungua kinywa. Lüders alitangulia kwa sababu alitaka kutangulia. Juu kulikuwa na viti vilivyovunjika, njiwa, na, kando ya bomba la moshi, sanduku kubwa la unga ambalo jiko hulitumia majira ya baridi. Dk. Binder aliliona, akaruka mbele, na boriti la paa likampokea kwenye paji la uso.

Alichokisema hakiandikiki, lakini kilikuwa kirefu, chenye ladha, kikimtaja ng'ombe na mama wa seremala, na kilisemwa chote kwa Kisaksoni safi cha kijiji cha tatu.

Lüders alitazama viatu vyake. Gerhild alitazama saa na kuandika: *saa tano na dakika ishirini.*

“Fungueni,” alisema Dk. Binder kwa Kijerumani sanifu.

Mchunguzi aliinua kifuniko. Juu ya unga, umeviringishwa kwa kitambaa cha jikoni chenye mistari ya buluu, ulilala Ulimi, mwekundu, mzima, na msumari wake.

“Kesi imekwisha!” alitangaza Gerhild, kwa sauti iliyowarusha njiwa. “Umepatikana, haujaharibika, wageni watauona, na mwizi bila shaka amejuta. Napendekeza tumsamehe asiyejulikana na tushuke tukale.”

“Asiyejulikana?” Dk. Binder alikuwa amejishika paji, na uso wake ulikuwa unang'aa kwa furaha. “Mtoto wee, kesi umeimaliza kweli. Kitambaa cha nani? Cha jikoni. Sanduku la nani? La jikoni. Ufunguo ulikuwa wapi? Jikoni. Na nani katika nyumba hii huliita dari *Bühne*? Hongera. Jana nilikuwa nashuku tu. Sasa nina ushahidi.”

Akatangulia kushuka, Ulimi kwapani. Mchunguzi alibaki dakika nzima ameshikilia kifuniko cha sanduku, kana kwamba hajui pa kukiweka.

*

Saa sita kasoro kumi Resi Brendli aliitwa ofisini. Alikuja na aproni, mikono ina unga, akakataa kukaa. Mezani kulikuwa na vitu vitatu: Ulimi, barua ya kufukuzwa kazi, na kalamu ya wino iliyofunguliwa.

“Bi. Brendli,” alisema Dk. Binder, “lugha yako imekusaliti. Niliwaambia kila mwaka: lahaja ni uzembe wa mdomo. Kumbe ni uzembe wa mwizi pia.”

“Kama unanifukuza, nifukuze kwa maneno machache. Nina kabichi motoni.”

“Bwana Mkuu,” alisema Gerhild kutoka pembeni, “kwa mujibu wa kanuni ya tano, mtuhumiwa ana haki ya kuuona ushahidi kabla ya hukumu.”

Resi aligeuka. “Asubuhi kanuni ya nne ilisema sina.”

“Ya tano inaifuta ya nne.”

Akampa barua. Resi alifuta unga kwenye aproni, akaisogeza mbali na macho kama wafanyavyo watu wasiotaka kununua miwani, akasoma. Nyusi zikapanda. Akasoma tena kwa sauti. Kisha akaanza kucheka, kicheko cha tumboni kilichotikisa funguo kiunoni mwake.

“Nani kaandika uchafu huu? *Hebet dr Deckel!* Shikeni kifuniko! Haya, wamekishika. Kisha? Wakishike mpaka Krismasi?”

“*Heben* ni kuinua,” alisema Lüders. “Kila Mjerumani anajua.”

“Kila Mjerumani wa kwenye kitabu. Kwetu *heben* ni kushika. Kuinua tuna neno lake, *lupfen*. Mama alikuwa akiniambia *heb* mtoto, yaani mshike asianguke, si umrushe darini.” Alichukua Ulimi mezani bila kuomba, akamtia Lüders mkononi. “*Heb!*”

Mkono wa Lüders ukapanda wenyewe. Akasimama katikati ya ofisi, ameinua ulimi mwekundu juu ya kichwa kama mwamuzi wa mpira anayemtoa mchezaji nje.

“Mnaona?” alisema Resi. “Mtu wa kitabu. Mswabia angeandika *lupfet*. Hata mtoto wa miaka mitatu. Aliyeandika hii si Mswabia, Binder. Ni mtu wa Kijerumani chenu, kajivika aproni yangu ili achekwe Resi.”

Dk. Binder aliichukua barua, akaitazama, akamtazama Lüders aliyekuwa akiushusha mkono polepole. “Lakini *Bühne* alilijua. Dari. Hilo halimo katika kitabu.”

“Hilo nimemfundisha mimi!” Resi alikuwa bado anajifuta machozi ya kicheko. “La kwanza nimemfundisha, la pili hatujalifikia. Vuli iliyopita nilimtuma, nenda kwenye *Bühne* kaniletee unga. Akakaa nusu saa, akarudi na bakuli tupu, kanuna, ati amesimama jukwaani na unga hajauo—”



Alikuwa amegeuka ili amcheke Gerhild pamoja naye, kama walivyocheka vuli ile, na akayaona masikio ya Gerhild. Halafu akaona vidole, vyeusi kwa maji ya viazi, vikilikunja daftari la uchunguzi mpaka likawa bomba.

“Nani?” aliuliza Dk. Binder.

Resi alikunja barua mara mbili, akaiweka mezani kwa upole. “Nimesahau.”

“Dakika moja iliyopita ulikuwa unakumbuka.”

“Umri, Bwana Mkuu.”

“Bi. Brendli, usipomtaja, natia sahihi.”

“Basi tia. Kabichi yangu inaungua.”

Kalamu ikashuka. Saa ya mnara ilianza kugonga sita. Lüders alikuwa amekunja uso, akihesabu kitu kichwani. Bakuli, nusu saa, mapazia. Akageuka polepole kumtazama Mchunguzi, akafungua mdomo.

Mchunguzi alimtangulia.

Na hapa msimulizi hana pa kujificha tena. Nimekuwa nikimwita Mchunguzi “Gerhild Schuller” hadithi nzima kana kwamba ni mtu mwingine niliyemwona kwa mbali, akiteleza, akitafuna penseli. Ni mimi. Ufunguo niliutoa msumarini Jumatano, Shangazi Resi akiwa amenipa kisogo kunikatia mkate wa mafuta. Ulimi niliuviringisha kwa kitambaa chake kwa sababu kilikuwa karibu. Nilitaka tu upotee siku wageni wanapokuja, nimwone Binder akihangaika. Alhamisi alipoandika barua ya kumfukuza Shangazi, ningeweza kusema. Badala yake niliandika kikaratasi, ili Ulimi upatikane na kila mtu asahau. Na kwa kuwa sikuweza kuacha kucheka, nikakiandika kwa lugha yake. Nilitaka kuwaona wasomi wawili wakitambaa jukwaani. Niliwaona. Huo ndio utamu wote nilioupata.

Niliyasema hayo yote nimesimama wima mbele ya meza, na niliyasema kwa Kisaksoni, kwa sababu Kijerumani sanifu kilinikimbia chote kwa mara moja, pamoja na kanuni ya nne na ya tano. Lüders hakuelewa neno. Dk. Binder alielewa kila moja. Kalamu yake ilikuwa imeacha doa la wino juu ya jina la Resi, na hakuongeza kitu. Aliigeuza barua kifudifudi.

“Lahaja,” alisema kwa sauti kavu, akinyoosha mkono kuuchukua Ulimi. “Ofisini mwangu.”

“Saa tano na dakika ishirini, Bwana Mkuu,” nilisema. “Darini. Boriti. Nimeandika.”

Mkono wake ukabaki hewani, kisha ukaenda kwenye uvimbe wa paji lake, kana kwamba ndiko ulikokuwa ukielekea tangu mwanzo.

Shangazi Resi ndiye aliyeuchukua Ulimi kutoka kwa Lüders. Akaja akasimama mbele yangu. Hakuwa anacheka tena. Nilimtazama aproni, maana usoni sikuweza.

“Sikukukasirikia wizi,” alisema. “Mimi ningelichoma lile gogo. Ila miezi yote uliyokaa kwenye kigoda changu, nilidhani unajifunza maneno. Kumbe ulikuwa unayakusanya ya kunichekea.”

Nikalitia daftari mfukoni.

Akaunyoosha Ulimi kwangu.

“*Heb*,” akasema.

Nikashika.